Bahari inayorudi nyuma siku tatu kila baada ya miaka tisa: je, inaweza kuaminika?

“Mtaalamu, ninaishi Dodoma na ninaandika riwaya kuhusu ulimwengu wa kubuni. Katika ulimwengu huo kuna Bahari ya Lumwe, na angani kuna miezi miwili: mkubwa unaoitwa Bibi na mdogo unaoitwa Mjukuu. Kila baada ya miaka tisa bahari hurudi nyuma kwa siku tatu mfululizo. Watu wa kijiji cha Tondwe hushuka hadi sakafuni kukusanya chumvi na kuokota kome, ardhi hupasuka kama ya Bahi wakati wa kiangazi, kisha siku ya nne maji hurejea kwa kishindo yakiwa ukuta mzima. Rafiki yangu aliyekulia Tanga amesoma sura hiyo akasema haiwezekani, kwa sababu bahari hupwa na kujaa mara mbili kila siku. Nimevunjika moyo. Je, niseme tu ni uchawi niendelee na hadithi, au kuna namna jambo hili linaweza kutokea lenyewe? Na maji hayo yote huenda wapi? Bahari nimeiona mara moja tu, nilipokuwa mtoto.”

Ndugu yangu, usivunjike moyo. Swali lako lina maswali mawili ndani yake, na ni vizuri tuyatenganishe mapema. La kwanza ni la kanuni za asili: je, maji ya bahari yanaweza kukaa chini kwa siku tatu bila kurudi? La pili ni la kazi yako ya uandishi: je, jambo likishindikana kuelezeka, uliite uchawi? Nitakaa zaidi kwenye lile la kwanza, kwa sababu likipata jibu, la pili halitakusumbua tena. Kwa kifupi, siku zako tatu zinawezekana na miaka yako tisa inawezekana, lakini ardhi iliyopasuka na ukuta wa maji haviwezi kuishi pamoja na siku hizo tatu, kwa hiyo itakubidi uchague.

Rafiki yako amesema kweli kuhusu bahari anayoijua. Katika mwambao wetu maji hujaa mara mbili na kupwa mara mbili ndani ya saa 24 na dakika 50 hivi, ndiyo maana mtu aliyekuta maji yamepwa kabisa leo saa mbili asubuhi, kesho atayakuta hivyo karibu na saa tatu. Siku za bamvua, ambazo hufuata mwezi mwandamo na mwezi mpevu, tofauti kati ya maji yaliyojaa na yaliyopwa hufika mita tatu na zaidi huko Zanzibar na Dar es Salaam. Siku za maji mafu, mwezi ukiwa nusu, tofauti hiyo hupungua sana. Alichokosea ni kudhani kwamba ratiba hiyo ni ya bahari yenyewe, kana kwamba bahari yoyote popote ni lazima iifuate. Ratiba hiyo ni ya mwezi wetu huu mmoja, na wewe umejipa ruhusa ya kuwa na miezi mingine.

Kinachotokea ni hiki. Mwezi huvuta upande wa dunia ulio karibu nao kwa nguvu kidogo zaidi kuliko unavyouvuta upande wa mbali, na tofauti hiyo ya mvuto huyakusanya maji katika vilima viwili vipana na vya chini sana, kimoja upande ulioelekea mwezi na kingine upande wa pili wa dunia, huku yakipungua katika ukanda ulio katikati yao. Dunia hujizungusha ndani ya umbo hilo, kwa hiyo mwambao mmoja hupita kwenye kilima, kisha kwenye ukanda wa maji machache, kisha kwenye kilima cha pili, na kuendelea. Jua nalo hufanya hivyo hivyo kwa nguvu isiyofika nusu ya ile ya mwezi. Vikivuta kwa mstari mmoja tunapata bamvua, vikivuta kwa kupishana tunapata maji mafu. Mambo halisi ni magumu kuliko picha hii, kwa sababu mabara huziba njia ya maji na ghuba nyingine huyakuza mno, kama ile ya Fundy nchini Kanada ambako maji hupanda na kushuka hadi kufikia mita 16 hivi. Hata hivyo picha hii inatosha kwa kazi yako, na tayari inajibu swali lako la mwisho. Maji hayaendi popote pa siri, na wala hayapungui. Yanapokosekana Tondwe, yamerundikana kwenye mwambao mwingine ulio robo ya ulimwengu kutoka hapo, na watu wa huko, katika siku zile zile tatu ambazo wenzao wanashangilia, wanahamisha mbuzi na magunia kwenda mlimani. Nakusihi usiliache jambo hili nje ya kitabu, kwa kuwa watu wawili wanaoiita siku moja kwa majina mawili, moja la neema na moja la msiba, wanakupa hadithi ambayo usingeipata kwa uchawi.

Sasa tuje kwenye siku tatu, ambazo ndizo kiini cha swali. Muda wa maji kukaa chini hutegemea kasi ambayo mwezi unaonekana kuvuka anga, na kasi hiyo hutokana na tofauti kati ya mzunguko wa ulimwengu wenyewe na mzunguko wa mwezi kuuzunguka. Mwezi wetu huchukua siku 27 na zaidi kuizunguka dunia, wakati dunia hujizungusha mara moja kwa siku. Kwa hiyo mwezi ni kama umesimama tu, na sisi ndio tunaompita kila siku. Chukua badala yake mwezi ulio karibu zaidi, unaozunguka kwa saa 26, katika ulimwengu wenye siku ya saa 24. Mwezi huo na mtu aliye chini yake wanakwenda upande mmoja kwa kasi zinazokaribiana, kwa hiyo mtu humpita mwezi polepole sana. Hesabu yake ni nyepesi: zidisha 24 kwa 26, gawanya kwa tofauti yao ambayo ni 2, unapata saa 312, yaani siku 13. Mjukuu, akiwa na mwendo huo, atachukua siku 13 kurudi mahali pale pale angani. Kwa kuwa vilima vya maji ni viwili, maji yatajaa kila baada ya siku sita na nusu, na katikati ya kujaa na kujaa bahari itakaa chini ya usawa wake wa kawaida kwa siku tatu na robo.

Ulitaka siku tatu, nazo zimepatikana bila kulazimisha chochote. Lakini nisikufiche upungufu wake: katika siku hizo maji yatakuwa yakishuka kwanza na kupanda baadaye, na yatakaa karibu kabisa na kina chake cha chini kwa siku moja na nusu hivi, ile ya katikati. Wanakijiji wako watashuka nyuma ya maji yanayoondoka na watapanda mbele ya maji yanayorudi.

Usidhani kwamba mwezi wa namna hiyo nimeubuni ili kukuridhisha. Sayari ya Mirihi ina miezi miwili midogo, na mmoja wao, Deimos, huizunguka kwa saa 30 na robo hivi, huku siku ya Mirihi ikiwa na saa 24 na dakika kama 40. Mtu akisimama pale angeuona Deimos ukichomoza mashariki na kukaa angani karibu siku mbili na nusu kabla ya kuzama magharibi. Deimos ni mdogo mno kuinua maji hata kama Mirihi ingekuwa na bahari, lakini mwendo wake ni huo huo ninaokupendekezea. Kwa Mjukuu wako wa saa 26 muda huo utakuwa karibu siku sita: atachomoza, atapanda taratibu akipitia sura zake zote za mwezi mwandamo, nusu na mpevu ndani ya kila siku moja, kisha atazama na kupotea kwa siku saba hivi. Mtoto wa Tondwe hatahitaji kalenda ya ukutani kujua maji yako wapi, ataangalia juu. Mjukuu akiwa utosini, bahari imejaa. Akiwa anachomoza au anazama kwenye upeo, bahari imepwa.

Hapa kuna hesabu ambayo waandishi wengi huiruka, nayo ndiyo inayofanya msomaji makini aamini. Ikiwa ulimwengu wako una ukubwa wa dunia, mwezi wa saa 26 utakuwa kilomita 44,500 hivi kutoka kitovu chake, wakati mwezi wetu uko wastani wa kilomita 384,400. Nguvu ya kuinua maji hupungua kwa kipeo cha tatu cha umbali, kwa hiyo kusogea karibu mara 8.6 huongeza nguvu hiyo zaidi ya mara 600. Mwezi wenye uzito wa moja ya mia sita ya mwezi wetu ungefanya kazi sawa na mwezi wetu. Tatizo ni kwamba kazi hiyo peke yake ni ndogo: mvuto wa mwezi wetu, pasipo msaada wa maumbo ya ghuba na mwendo wa kasi wa maji, huinua na kushusha bahari kwa nusu mita tu na kidogo juu yake. Mita zile tatu za Zanzibar hutokana na maji kusukumwa kwa haraka na kukuzwa njiani, na mwezi mwendapole hautapata faida hiyo. Kwa hiyo mpe Mjukuu uzito mara kumi zaidi, moja ya sitini hivi ya mwezi wetu, upate mita tano na ushee. Akiwa wa mawe ya aina moja na mwezi wetu, atakuwa na upana wa karibu kilomita 870, robo tu ya upana wa mwezi tunaoujua, lakini kwa kuwa yuko karibu ataonekana mkubwa mara mbili na zaidi ya huo. Nadhani umeona nini kimetokea kwenye majina yako. Mjukuu ni mdogo kwa mwili kuliko Bibi, lakini machoni pa watu atakuwa yeye ndiye mkubwa, na Bibi, kama yuko mbali kama mwezi wetu, ataonekana mdogo. Unaweza kubadili majina, au unaweza kuwaacha wazee wa Tondwe wawe wamejua siri hiyo tangu zamani huku wageni wakiwacheka.

Bado miaka tisa. Kwa utaratibu niliokueleza, Mjukuu ataishusha bahari kila baada ya siku sita na nusu, na jambo linalotokea kila wiki haliwezi kuwa sikukuu ya kizazi. Kinachofanya lisitokee mara kwa mara ni Bibi pamoja na sakafu ya bahari yenyewe. Bibi, akiwa na mwendo kama wa mwezi wetu, ataendelea kupandisha na kushusha maji mara mbili kwa siku juu ya ule mwendo mrefu wa Mjukuu, na njia yake haitakuwa duara kamili. Kwetu pia ni hivyo: kuna wakati mwezi huwa karibu na wakati huwa mbali, na sehemu ile ya ukaribu nayo huhama taratibu na kukamilisha mzunguko wake kwa miaka 8.85. Mwinamo wa njia ya mwezi nao una mzunguko wake wa miaka 18.6. Miaka tisa yako, ambayo nadhani uliichagua kwa kusikia tu inavyotamkika, inakaribia sana namba ambayo anga letu lenyewe huitumia. Basi weka mbele ya Tondwe tuta refu la mwamba linalobaki chini ya maji kwa kina cha mkono mmoja hata bahari inapopwa kila wiki, na liibuke tu pale siku za chini za Mjukuu zinapokutana na bamvua la Bibi aliye karibu kabisa, katika msimu mmoja maalumu wa mwaka. Tofauti ya sentimita 50 inatosha kabisa kutenganisha wiki ya kawaida na mwaka wa tisa, mradi sakafu iwe karibu tambarare.

Ukifuata njia hiyo, ukubali pia kwamba sehemu ya ndani itakuwa wazi siku zote tatu, lakini lile tuta la mbali litaonekana kwa saa chache tu, mara mbili kwa siku, Bibi anapoyashusha maji. Kwa maoni yangu hili linaiboresha sura yako, kwa sababu kuna mahali pa wote na kuna mahali pa wanaothubutu.

Iko njia nyingine isiyohitaji mwezi wa pili, nayo ni upepo. Upepo mkali unaovuma kutoka nchi kavu kwa muda mrefu husukuma maji kuelekea upande wa pili, na kadiri bahari inavyokuwa fupi kwa kina na ndefu kufuata upepo, ndivyo maji yanavyoondoka zaidi. Bahari ya Azov, ambayo kina chake hakizidi mita 15, hupatwa na jambo hili, na Ghuba ya Taganrog iliyo mwisho wake huacha sehemu kubwa ya sakafu wazi pepo za mashariki zikikaza. Septemba 2017, wakati wa kimbunga Irma, maji ya Ghuba ya Tampa huko Florida yalisukumwa nje na watu wakatembea mahali ambapo boti huelea. Upepo unaweza kushikilia maji siku tatu, lakini hauna miadi. Hauji kila mwaka wa tisa kwa tarehe, na kijiji hakiwezi kuandaa ngoma kwa ajili yake. Kwa riwaya iliyojengwa juu ya kungoja, mimi ningechagua miezi, na upepo ningeufanya msaidizi: mwaka ambao wazee walihesabu vizuri lakini upepo ukavuma kinyume, na tuta halikuibuka.

Sasa yale mawili niliyosema hayawezekani. Nimeelewa ulikopata ile ardhi iliyopasuka. Mbuga ya Bahi hujaa kwa mvua na maji ya mito, kisha hukauka kwa miezi ya jua, na tope lake hupasuka kwa sababu limepata muda wa kukauka hadi chini. Sakafu ya bahari iliyo wazi kwa siku tatu haifiki huko. Itakuwa mchanga unaotitia kidogo chini ya unyayo, majani ya bahari yaliyolala yote upande ule maji yalikoelekea, madimbwi yenye samaki wadogo wanaohangaika, na siku ya pili harufu nzito ya vitu vinavyooza. Ukienda Paje au Jambiani, huko Zanzibar, siku za bamvua utawaona akina mama wakifanya kazi kwenye mashamba ya mwani katika hali hiyo hiyo, maji yakiwa chini ya magoti, na wengine wakitafuta pweza kwenye matundu ya mwamba. Hakuna ufa hata mmoja.

Chumvi nayo ihesabiwe. Lita moja ya maji ya bahari ina gramu 35 hivi za chumvi. Tuseme jua la Tondwe hukausha milimita sita za maji kwa siku. Kwa siku tatu ni milimita 18, ambazo katika eneo la mita moja ya mraba ni lita 18, na zikikauka zote huacha gramu 630. Hiyo ni chumvi ya kutosha kabisa kuifanya safari iwe na maana, lakini hupatikana tu pale ambapo maji yamekaa kwa kina kisichozidi upana wa kidole kimoja juu ya mwamba usiovuja. Dimbwi la kufika kifundo cha mguu halitatoa chembe. Kwa hiyo watu wako wawe wamechonga sahani za mwamba tangu enzi za mababu, na kazi yao ya kwanza siku ya kwanza iwe kuzisafisha.

Kuhusu ukuta wa maji, mwezi mwendapole hautengenezi ukuta. Kwa bahari ya Mjukuu niliyokupigia hesabu, maji yatapanda kwa sentimita 11 hivi kwa saa yanapokwenda kasi zaidi, na kwenye sakafu inayoteremka mita moja kwa kila kilomita, ukingo wa maji utasogea mita 110 kwa saa. Hata ajuza atauacha nyuma akitembea. Hatari halisi ni mifereji: maji huingia kwanza kwenye mabonde yaliyo kati yako na nchi kavu, na mtu aliye kwenye tuta, huku miguu yake ikiwa mikavu, hugeuka akakuta njia ya kurudi imekuwa mkondo. Ukihitaji kishindo, weka mdomo wa mto unaosinyaa, kama ule wa Mto Qiantang nchini China, ambako maji yanayojaa hubanwa hadi yakapanda mto yakiwa wimbi moja linalonguruma.

Hapo nina ombi la dhati. Bahari inayorudi nyuma nje ya ratiba yake kisha ikarejea kwa ukuta ipo katika ulimwengu wetu, nayo ni tsunami. Tarehe 26 Desemba 2004, baada ya tetemeko la ardhi karibu na Sumatra, kwenye baadhi ya fukwe bahari ilirudi nyuma kwanza, watu wakashuka kutazama na kuokota samaki, na dakika chache baadaye mawimbi yakawafikia. Mawimbi hayo yalivuka Bahari ya Hindi yote, na hata hapa Tanzania watu walipoteza maisha. Vijana watasoma kitabu chako, na wengine wao wataishi pwani. Mweke mtu mmoja wa Tondwe anayejua tofauti: maji yanayoondoka taratibu kwa saa iliyotangazwa yanaweza kufuatwa, lakini yanayoondoka ghafla, hasa baada ya ardhi kutikisika, hukimbiwa mara moja kuelekea mahali pa juu, na hakuna kurudi kuchukua kitu.

Kuhusu uchawi, sioni aibu ndani yake, lakini uutumie kwa jambo ambalo miezi haiwezi kulifanya. Siku tatu na miaka tisa hazikuhitaji.

Yapo mambo ambayo maandishi yangu hayatakutosheleza. Kama unataka kujua iwapo Bibi hatamwondoa Mjukuu kwenye njia yake baada ya maelfu ya miaka, hilo linahitaji kukaa na mtu mwenye kompyuta na daftari. Wapo wanaofundisha fizikia Chuo Kikuu cha Dodoma, na swali kama lako ni la aina wanayoyafurahia. Kuhusu viumbe wa sakafuni na mwenendo wa maji ya mwambao wetu, waulize Taasisi ya Sayansi za Bahari iliyoko Zanzibar. Na kwa kuwa bahari umeiona mara moja tu, nenda ukaione tena kabla ya kuandika upya sura hiyo. Panda treni ya SGR hadi Dar es Salaam, uende Bagamoyo siku moja au mbili baada ya mwezi mpevu, ukiwa umepata saa za kupwa kutoka kwenye jedwali la maji au kwa wavuvi wenyewe. Fika saa mbili kabla ya maji kupwa kabisa, ushuke pamoja na mwenyeji anayeijua mifereji ya pale, vaa viatu kwa ajili ya miiba ya viumbe wa baharini, na anza kurudi mara tu yeye atakapokuambia, hata kama wewe huoni sababu.